Jamaica ilivyoinyakua nafasi ya Amerika

Mwezi Novemba 2018 timu nne zilikutana Jacksonville, Florida, kugombea nafasi moja ya Kombe la Dunia la raga ya wachezaji 13. Zilikuwa Marekani, Jamaica, Kanada na Chile. Nusu fainali zilichezwa tarehe 13, fainali tarehe 17. Mshindi alifuzu moja kwa moja, na wa pili akaachiwa bahati ya mchujo wa mwisho. Jamaica iliishinda Marekani 16-10 kwenye uwanja wa Hodges, ikawa taifa la kwanza la Karibi kufuzu kwa mashindano hayo.

Wengi waliuita ushindi huo maajabu. Mimi naona ulikuwa kazi iliyopangwa, na ili kuiona vizuri ni lazima kwanza kuujua mchezo wenyewe, hasa kwa msomaji aliyezoea raga ya Shujaa, timu ya Kenya ya wachezaji saba. Katika raga ya wachezaji 13 hakuna kugombea mpira kwenye lundo la watu. Aliyekabwa na kuangushwa huachiwa, husimama, huuweka mpira chini na kuusukuma nyuma kwa wayo wa kiatu, na mwenzake aliye nyuma huuokota. Timu ikikabwa mara sita bila kufunga, mpira unakwenda kwa wapinzani; kwa hiyo baada ya mara ya tano karibu kila timu huupiga mbali kwa mguu. Na kila mpira unaposukumwa nyuma, walinzi karibu wote wanatakiwa wawe wamerudi mita 10.

Hizo mita 10 ndizo zinazoamua mechi. Mlinzi anamwangusha mtu mzito, anainuka, anarudi nyuma mbio, kisha anakimbilia mbele kukaba tena, kwa dakika 80. Akichelewa hatua mbili, ukuta unapata tundu. Mazoezi ya wiki moja kambini hayawezi kumfundisha mtu hilo. Mtu hujifunza hilo kwa kucheza kila wiki, miaka nenda rudi. Kwenye mashindano ya siku tano, kocha hana muda wa kufundisha. Anaweza tu kuwapanga watu wanaojua tayari.

Jamaica ilikuwa nao, na chanzo chake ni historia. Kuanzia mwaka 1948, meli ya Windrush ilipotia nanga Uingereza, maelfu ya Wajamaika walihamia huko, na baadhi yao walikaa Leeds na Huddersfield. Huddersfield ndio mji ambako, mwaka 1895, vilabu vya kaskazini vilikutana katika hoteli ya George na kujitenga na chama cha raga cha Uingereza, mwanzo wa mchezo huu. Wajukuu wa wahamiaji wakakulia katika vilabu vya mchezo huo. Kanuni za kimataifa zinamruhusu mchezaji kuiwakilisha nchi ya mzazi au ya babu na bibi yake. Benchi la ufundi la Jamaica, likiwa na Romeo Monteith na Jermaine Coleman, liliwaunganisha vijana hao na wachezaji waliolelewa kisiwani kwenye vilabu kama Duhaney Park.

Naambiwa mara kwa mara kwamba huko ni kukodi wachezaji. Sikubali. Kijana aliyelelewa na bibi wa Kingston hajakodiwa na mtu.

Marekani nayo haikuwa timu ya kubeza. Ilishacheza Kombe la Dunia la 2013 na la 2017, na mwaka 2011 iliifunga Jamaica hiyohiyo 40-4. Lakini njia yake ya fainali ilikuwa nyepesi mno: iliilaza Chile 62-0. Mechi ya namna hiyo haiwapi walinzi kazi. Jamaica ilikutana na Kanada ikashinda 38-8, kipimo kinachofaa zaidi siku nne kabla ya fainali.

Tofauti ya 16-10 nayo inasema mengi. Trai ni pointi nne, na mkwaju wa nyongeza ni mbili. Trai moja yenye mkwaju ingesawazisha, basi Jamaica haikuwahi kuwa na nafasi ya kulegea mwishoni. Ilibidi iendelee kurudi zile mita 10.

Marekani ilipata nafasi nyingine ya kufuzu, katika mchujo wa mwisho, Novemba 2019, hapohapo Jacksonville, ikafungwa 38-16 na Visiwa vya Cook. Jamaica ilisubiri, maana Uviko-19 uliahirisha kombe hadi 2022. Huko ilifungwa na Ayalandi 48-2, Nyuzilandi 68-6 na Lebanoni 74-12. Ben Jones-Bishop, mzaliwa wa Leeds, alifunga trai ya kwanza ya Jamaica katika Kombe la Dunia, dhidi ya Nyuzilandi mjini Hull.

Pointi 190 za kufungwa katika mechi tatu zinauma, nami nazisoma hivi: mkusanyiko wa haraka wa wenye ujuzi unatosha kushinda mashindano ya siku tano, lakini hautoshi mbele ya mataifa ambayo wachezaji wao wengi wanacheza ligi za juu za Australia na Uingereza. Pengo hilo litazibwa Kingston, kwenye ligi ya ndani, na pesa za shirikisho la kimataifa zingepaswa kuelekezwa huko kabla ya mchujo mwingine kuitishwa.