Jozi Kabla ya Tarakimu: Tahakiki ya Ufafanuzi wa Namba Shufwa kwa Watoto wa Shule za Msingi, Kilwa na Pwani ya Lindi

Makala haya yanahakiki ufafanuzi uliozoeleka wa namba shufwa katika somo la Hisabati, yakirejelea mazingira ya Kilwa na pwani ya Lindi. Ufafanuzi huo humwelekeza mwanafunzi atazame tarakimu ya mwisho: ikiwa ni 0, 2, 4, 6 au 8, namba ni shufwa. Hoja kuu ni kwamba kanuni hiyo, ingawa ni sahihi, ni alama ya shufwa wala si maana yake. Inapotangulizwa, mtoto huzitambua namba asizozielewa.

Maana imo katika istilahi zenyewe. Shufwa na witiri ni maneno yenye asili ya Kiarabu: la kwanza hubeba dhana ya jozi, la pili dhana ya kisicho na mwenzake. Aya ya tatu ya Sura ya Al-Fajr inayataja yote mawili. Mtoto wa Kilwa Kivinje aliyepitia madrasa huenda akaijua swala ya witiri kabla ya kukutana na namba witiri darasani, na wako wanaoiswali rakaa mbili kisha moja. Hata hivyo, faida hii ina mipaka. Si watoto wote wa Lindi waliolelewa katika Uislamu, na aliyelelewa humo anaweza kulichukulia neno hilo kuwa jina la ibada tu. Istilahi inahitaji kusaidiwa na kitu cha kushika mkononi.

Mchezo wa bao hutoa kitu hicho. Ubao una mashimo 32 katika safu nne, na kete 64, yaani 32 kwa kila mchezaji. Mchezo unapoanza, nyumba huwa na kete 6. Zikipangwa mbilimbili, hupatikana jozi tatu bila kubaki kitu; ikiongezwa kete moja, hiyo hukosa mwenzake. Mtoto akiweka fungu la kete 5 kando ya fungu la kete 7, huona kwamba kila fungu lina kete moja iliyobaki peke yake, na kwamba hizo mbili zikikutana huwa jozi. Hoja hiyo ni uthibitisho kamili, kwa sababu haitegemei 5 wala 7. Anayetegemea tarakimu ya mwisho hujaribu 1 na 3, 3 na 5, kisha 5 na 9, bila kujua kwa nini jibu ni shufwa daima.

Kanuni yenyewe nayo hufafanuliwa kwa jozi. Kila kumi ni jozi tano. Hivyo katika 47, makumi manne yamekwisha kupata jozi, na zinazobaki kuchunguzwa ni 7 tu. Sifuri pia ni shufwa, kwani hakuna kinachobaki bila mwenzake.

Pingamizi linaweza kutolewa kwamba jozi huleta mkanganyiko. Mwaka 1990, katika darasa la tatu lililofundishwa na Deborah Ball huko Michigan, Marekani, mwanafunzi alidai kwamba 6 ni shufwa na pia witiri, kwa kuwa ina jozi tatu. Dai hilo lilichanganya idadi ya jozi na kinachobaki baada ya kupanga jozi. Lakini mtoto huyo alikuwa amegundua sifa ya kweli: 2, 6, 10 na 14 ni shufwa ambazo nusu zake ni witiri. Kanuni ya tarakimu ya mwisho isingemfikisha kwenye swali hilo.

Kwa hiyo, tahakiki hii inapendekeza jozi zitangulie, hoja za jumla zifuate, na kanuni ije mwisho kama matokeo. Upimaji nao ubadilike: pamoja na kumtaka mwanafunzi achague namba shufwa katika orodha, aulizwe kwa nini jumla ya namba witiri mbili haiwezi kuwa witiri.