Kuitia Saa Majira

Ndani ya saa ya mkono ya kamani, juu ya gurudumu dogo liendalo na kurudi bila kupumzika, kuna kijishikio chembamba chenye alama mbili pembeni: kujumlisha na kutoa. Kisukume upande mmoja kwa unene wa unywele, na siku ya mwenye saa hiyo inafupika kwa nusu dakika au zaidi. Kirudishe upande wa pili, inarefuka. Katika Mji wa Kale wa Mombasa bado wapo wachache wenye mkono wa kukigusa, wamejibanza kwenye vibaraza na viduka baina ya Ndia Kuu na Marikiti, lenzi jichoni, kibano mkononi.

Ukimtazama fundi wa aina hii kwa utulivu, utaona kwamba kazi yake huanza saa ikiwa bado imefungwa. Anahoji kwanza.

"Ami, saa yangu yachelewa."

"Usiku waivua ama walala nayo?"

"Naivua."

"Na ukiivua, waiweka uso juu ama ubavu?"

Asiyejua hudhani mzee anapiga soga. Kumbe gurudumu lile limebebwa na ekseli nyembamba mno, na saa ikilala chali, ekseli husimama kwenye ncha yake na msuguano huwa mdogo. Ikilala ubavu, ekseli nzima hulalia vito vinavyoishika, mwendo ukabadilika. Kwa hiyo saa ile ile huweza kuzidi sekunde kadhaa mezani na kupungukiwa mkononi. Mara nyingine dawa huishia hapo: mteja huambiwa abadilishe namna ya kuilaza, na halipi kitu.

Ikiwa inakimbia ghafla, dakika nyingi kwa siku, fundi huleta dira ndogo na kuipitishia saa juu yake. Sindano ikitikisika, kamani ya gurudumu imeshika sumaku na mizunguko yake inagandana, mara nyingi kwa kuwekwa karibu na spika au kifuniko cha simu. Simu zimempokonya fundi wateja, kisha zikamletea wagonjwa.

Saa ikifunguliwa, ndipo Mombasa yenyewe inapoonekana ndani yake. Jasho na hewa ya chumvi hupenya kwenye kifunguo pale mpira unapochoka, kijiti chake kikashika kutu, na mafuta ya zamani yakawa gundi. Sehemu hutolewa moja moja, huoshwa kwa benzini, hukaushwa, halafu hutiwa mafuta kwa ncha ya sindano. Hapo ndipo mwanafunzi hujulikana: yeye hutia mengi. Tone likizidi hutambaa, huliacha shimo lililolihitaji na kwenda kushika mahali pasipotakiwa. Nimeona mkono mzee ukining'inia juu ya kito kimoja muda mrefu, kisha ukaondoka bila kutia chochote, kwa kuwa mafuta yaliyopo yalitosha.

Seiko 5, iliyozoeleka mno katika mikono ya watu wa pwani, hupiga mara sita kwa sekunde, yaani mara 518,400 kwa siku. Ikipotea dakika moja kwa siku, imekosea sehemu moja katika 1,440. Nionyesheni ofisi yenye hesabu safi kiasi hicho.

Tena, majira sahihi ni yapi? Jua hupita utosini Mombasa takriban dakika 11 kabla ya kupita Nairobi, lakini saa za Kenya hufuata mstari wa digrii 45 mashariki, ulio karibu na Mogadishu. Ndiyo maana adhuhuri ya Mombasa huwa, kwa wastani, yapata saa sita na dakika 21. Enzi za ukoloni saa rasmi iliwahi kuitangulia Greenwich kwa saa mbili na nusu, ikawa mbili na dakika 45, mwishowe tatu kamili. Serikali nayo ilikigusa kijishikio, ila kwa mkono mzito. Msikiti wa Mandhry, uliojengwa mnamo 1570, ulikuwepo muda wote huo, na wenye kuswali wakafuata jua.

Tarehe 25 Desemba 1969 Seiko waliuza Tokyo saa ya kwanza ya mkono ya kwatsi, Astron. Iliuzwa ghali, lakini watoto wake walikuja kuwa rahisi kuliko kuosha saa ya kamani. Tangu hapo kazi nyingi ya kibarazani imekuwa kubadilisha betri na kukata mikanda. Saa zilizokufa hazitupwi. Hukaa kwenye makopo ya chai, na gurudumu la moja huenda kuhuisha nyingine.

Fundi nguo akikwambia "njoo kesho", una haki ya kumtilia shaka. Fundi saa akikwambia "njoo keshokutwa", hakudanganyi. Ipo mashine inayosikiliza mapigo na kutoa jibu papo hapo, lakini haiwezi kuivaa saa wala kulala nayo. Kujua kama imepoteza nusu dakika kwa siku, lazima siku ipite. Kwa hiyo fundi huijaza ufunguo, huilinganisha asubuhi, huandika kwenye kikaratasi, hukigusa kijishikio kidogo, husubiri tena. Wateja wenye haraka huichukua kabla ya wakati, kisha hurudi kulalamika kwamba yazidi sekunde kumi na tano. Huambiwa waiache, waje keshokutwa.