Bahari ya Moshi: Jinsi The Hunt for Red October Ilivyotufundisha Kusikiliza

Nyambizi ya kivita haina dirisha. Ikishazama kina kirefu periskopu haifai kitu, na mabaharia zaidi ya 100 waliomo ndani hutegemea masikio kujua kinachoendelea nje. Mwanga wa jua hufa upesi majini. Kwenye mita 200 umebaki kidogo sana. Mwongozaji wa filamu anayechukua hadithi ya nyambizi anajitwisha kazi ngumu basi, maana wateja wake wamelipa kiingilio ili waone, na vita anavyotaka kuwaonyesha havionekani hata na wanaovipigana.

The Hunt for Red October, iliyoongozwa na John McTiernan na kutoka mwaka 1990, imeimaliza kazi hiyo kwa ustadi ambao bado unastahili kuchambuliwa. Msingi wake ni riwaya ya Tom Clancy ya mwaka 1984. Nahodha wa Kisovieti, Marko Ramius, anayeigizwa na Sean Connery, anatoroka na Red October, nyambizi mpya yenye makombora ya nyuklia, na kuelekea Marekani. Wenzake wanamfukuza wamzamishe. Wamarekani hawajui kama anakuja kushambulia au kujisalimisha. Uzi wote umefungwa kwenye sauti, kwa kuwa nyambizi hiyo ina injini isiyotumia rafadha, hivyo haisikiki kama nyambizi nyingine. Katika filamu injini hiyo inasukuma maji kwa nguvu za sumaku na umeme. Wazo hilo si la kubuni tu: mwaka 1992 Wajapani waliijaribu meli yao ya Yamato 1 huko Kobe kwa nguvu hizohizo, ingawa ilijikokota kwa mwendo wa kama kilomita 15 kwa saa.

Tuanze na bahari yenyewe, maana sehemu kubwa ya bahari unayoiona mle haikuwa na maji. Mafundi wa Industrial Light & Magic walitengeneza modeli za nyambizi, wakazining'iniza kwa nyaya ndani ya studio, wakaijaza studio moshi na kupiga picha. Sababu ni ya kifizikia. Modeli unaweza kuipunguza hadi iwe na urefu wa mita chache, lakini maji hayakubali kupunguzwa nayo. Povu linabaki na ukubwa wake uleule, mawimbi yanavunjika upesi mno, na jicho la mtazamaji linatambua papo hapo kwamba hiki ni kitu kidogo kwenye tangi. Moshi hauna kasoro hiyo. Unaufifisha mwanga kadiri umbali unavyoongezeka, kama maji mazito yanavyofanya, na kwa kuwa hakuna maji, kamera inaweza kupita polepole sana na kuirudia njia ileile mara kadhaa. Chembechembe na mapovu yanayopita mbele ya lenzi yaliongezwa baadaye kwa kompyuta, wakati ambapo michoro ya kompyuta kwenye sinema ilikuwa changa bado. Ukiitazama leo, miaka zaidi ya 30 baadaye, Red October inavyojitokeza kwenye giza bado inatisha. Ni uzito ule, ule mwendo wa kitu kisichoweza kusimama ghafla.

Ndani ya nyambizi walitumia ujanja wa aina nyingine. Vyumba vya uongozi vilijengwa juu ya majukwaa makubwa yanayoinamishwa kwa haidroliki, kwa hiyo nyambizi inapopiga mbizi au kukata kona, waigizaji wanajishikilia kwelikweli. Mwigizaji akiambiwa ajifanye anaegemea, mwili wake humsaliti. Mguu mmoja unakaa vibaya au mkono unachelewa. Jukwaa likiinama, kila mtu chumbani anaegemea kwa pembe moja bila kufundishwa. Jan de Bont, aliyesimamia upigaji picha, akaongeza rangi: Red October ina ubaridi wa bluu na chuma kinachong'aa, Dallas ya Wamarekani inaelekea kwenye wekundu, na Konovalov, nyambizi ya Kisovieti inayowinda, ina ukijani wa kuumwa. Mapambano yanapopamba moto na picha zinabadilika haraka, hakuna anayeuliza tuko chombo gani. Kwa filamu yenye vyumba vitatu vinavyofanana, vimejaa wanaume wenye sare wakisoma mita, huo ni uamuzi wa maana sana.

Hata suala la lugha lilitatuliwa kwa kamera. Mwanzoni Ramius na ofisa wa siasa wanazungumza Kirusi. Ofisa anasoma kitabu, kamera inamsogelea taratibu mpaka midomo inajaza picha, anatamka neno ambalo ni lilelile kwa Kirusi na Kiingereza, kisha kamera inarudi nyuma, nao wanaendelea kwa Kiingereza. Tangu hapo mtazamaji anajua kwamba watu hawa wanasema Kirusi na sisi tumepewa masikio ya kuwaelewa. Wamarekani wanapokutana nao mwishoni, Kirusi kinarudi.

Lakini kwangu moyo wa filamu uko kwenye kiti cha Jones, msikilizaji wa sonari wa Dallas, anayeigizwa na Courtney B. Vance. Red October inapowasha injini yake mpya, inapotea. Kompyuta ya Dallas inaitafsiri sauti iliyobaki kuwa ni miamba iliyoyeyuka ikisogea chini ya bahari. Jones haridhiki. Anamwita nahodha wake, anamchezea ule mkanda kwa kasi mara kumi, na mvumo uliokuwa hauna umbo unageuka kuwa mdundo wenye mpangilio. Angalia namna tukio lilivyopigwa: hatuonyeshwi nyambizi nje, hatuonyeshwi mchoro wa injini. Tuna sura mbili na sauti. Tunausikia ushahidi sekunde ileile anayousikia nahodha Mancuso, na tunashawishika pamoja naye. Cecelia Hall na George Watters II walipata tuzo ya Oscar kwa uhariri wa sauti za filamu hii, na ningekuwa na dakika tatu tu za kueleza sababu, ningeonyesha tukio hili.

Wengi wetu Afrika Mashariki filamu za vita tulizijua kwenye vibanda vya video, msimuliaji akitafsiri juu ya sauti ya filamu. Naupenda usanii ule. Ila filamu ya nyambizi ndiyo inayoumia zaidi, kwa sababu ukimya wake ni sehemu ya hadithi. Jones anapobana hedifoni na kunyamaza, kuna kitu kinasemwa.

Ukimya huohuo unafanya kazi Red October inapokata kona ghafla ili kusikiliza kilicho nyuma yake. Kelele za chombo chenyewe huifanya nyambizi iwe kiziwi upande wa nyuma, na anayeifuata hujificha hapo. Dallas inazima injini mara moja. Hatari ni kwamba chombo cha maelfu ya tani hakina breki. Kitaendelea kuserereka kuelekea mbele, na mkikaribiana mno mtagongana. McTiernan anawaacha mabaharia wasimame tuli huku sakafu ikiwa imeinama. Muziki wa Basil Poledouris, ambao kwingineko una kwaya nzito, unawapisha.

Filamu inalegea pale inapojisahau na kutoka nje. Topedo zinazokimbia kati ya majabali ya chini ya bahari zinapendeza, ila zinatupa jicho ambalo hakuna aliye ndani analo, na hofu inapungua. Linganisha na tukio ambapo Ramius anaigeuza nyambizi kuielekea topedo. Wengine wanadhani amepagawa. Yeye anajua topedo haijiwashi kichwa chake hadi iwe imesafiri umbali fulani, hivyo anaufupisha umbali huo makusudi. Nguvu ya tukio inatoka kwa sauti inayohesabu umbali na kwa uso wa Connery usiotikisika, kisha kishindo cha chuma kugonga chuma bila mlipuko.

Filamu za nyambizi zilizofuata zilitofautiana. Tony Scott, katika Crimson Tide ya mwaka 1995, alichagua njia ya jasho na makelele. Jeshi la Wanamaji la Marekani lilikataa kumsaidia kwa sababu hadithi inahusu uasi, na filamu yake inasimama kwa ugomvi wa Gene Hackman na Denzel Washington. Aliyeichukua kazi ya Jones na kuisogeza mbele ni Mfaransa Antonin Baudry, katika Le Chant du loup ya mwaka 2019. Mhusika wake mkuu ni msikilizaji, mmoja wa wale ambao wanamaji wa Ufaransa huwaita masikio ya dhahabu. Kijana huyo anasikia kitu, anasita, anakosea, na kosa lake linawagharimu wote. Baudry anatuwekea sauti hiyo kabla ya jibu kujulikana, nasi tunalazimika kuamua pamoja naye kama ni rafadha au ni samaki mkubwa. Filamu hiyo ilishinda tuzo ya César ya sauti bora. Itazame kwa hedifoni, usiku, taa zikiwa zimezimwa, na ujaribu kukisia kabla yake.