Akili ya Taa Inakaa Wapi?

Jumapili ya tarehe 12 Mei 2024, mikongo miwili ya baharini inayoleta intaneti Afrika Mashariki, EASSy na Seacom, ilipata hitilafu upande wa kusini, kati ya Msumbiji na Afrika Kusini. Tanzania ilikuwa miongoni mwa nchi zilizoathirika zaidi. Wengi tunazikumbuka siku zile kwa ujumbe uliogoma kutoka na kazi zilizolala. Lakini kwa anayetaka kununua taa janja, soketi janja au kamera ya getini, zina somo jingine ambalo halijaandikwa kwenye boksi la kifaa chochote: taa inaweza kuwa sebuleni kwako, na akili yake ikawa ng'ambo.

Tuifuate amri moja. Umekaa chini ya taa, unabonyeza "washa" kwenye simu. Katika vifaa vingi vya bei nafuu amri hiyo haiendi moja kwa moja kwenye taa. Inatoka kwenye simu hadi kwenye ruta, inaingia mkongoni, inafika kwenye seva ya mtengenezaji, seva inahakikisha kuwa akaunti ni yako, kisha inairudisha amri mpaka kwenye taa iliyo juu ya kichwa chako. Mpangilio huu una faida yake, kwani ndio unaokuwezesha kuzima taa ya Mbezi ukiwa Dodoma bila kuhangaika na mipangilio ya ruta. Gharama yake ni kwamba taa sasa inategemea vitu vitatu usivyovimiliki: mkongo, seva, na uhai wa kampuni.

Historia ya vifaa hivi inatupa kesi mbili za kulinganisha, zote za Marekani.

Ya kwanza ni Revolv, kitovu kidogo cha nyumbani kilichouzwa kwa takriban dola 300. Kiufundi kilikuwa kazi nzuri. Kilikuwa na redio saba ndani yake, ili kizungumze na taa, vitasa na spika za kampuni tofauti, na mnunuzi aliahidiwa huduma ya maisha. Oktoba 2014 kampuni iliyokitengeneza ilinunuliwa na Nest, iliyokuwa mali ya Google, na mauzo ya kitovu yakasimamishwa. Mwaka 2016 ikatangazwa kuwa huduma itafungwa tarehe 15 Mei. Ilipofungwa, programu ya simu haikufunguka tena na kitovu hakikufanya kazi. Redio zote saba zilikuwa nzima na umeme ulikuwepo, ila kilichokuwa kikizipa maagizo hakikuwahi kukaa ndani ya nyumba.

Ya pili ni Insteon, mfumo wa swichi na taa ulioingia sokoni mwaka 2005. Aprili 2022 seva zake zilizimika ghafla, bila wateja kupewa taarifa. Programu ya simu iligoma, na waliokuwa wakiendesha taa kwa sauti kupitia intaneti wakakwama. Hata hivyo swichi za ukutani ziliendelea kuwasha taa, hata zile zilizounganishwa na taa za chumba kingine. Siri ilikuwa katika usanifu: vifaa vya Insteon vilizungumza vyenyewe kwa vyenyewe, kwa mawimbi ya redio na kwa kupitia nyaya za umeme za nyumba, na kila kimoja kilihifadhi ndani yake orodha ya vifaa vilivyofungamana nacho. Walioumia zaidi ni waliodhani kitovu chao cha Insteon kimeharibika wakakirudisha kwenye hali ya kiwandani, maana hapakuwa tena na seva ya kukiunganisha upya. Juni mwaka huohuo kundi la wateja wenyewe lilinunua mali za mfumo huo na kuziwasha seva.

Makampuni yote mawili yaliwaacha wateja wake. Tofauti ya matokeo imetokana na mahali ambapo uamuzi wa kuwasha taa ulifanyika: kwa Revolv ulifanyika mbali, kwa Insteon ulifanyika ukutani. Kwa hiyo swali la kwanza la mnunuzi, kabla ya bei na kabla ya rangi, liwe hili: intaneti ikikatika, kifaa hiki kitafanya nini?

Jibu linapatikana dukani palepale. Mwombe muuzaji aunganishe kifaa kwenye ruta, kisha achomoe waya wa intaneti au kadi ya simu huku Wi-Fi ikibaki hewani. Jaribu kuwasha na kuzima. Ikiwa kinaitikia, akili yake iko nyumbani. Alama ya Matter kwenye boksi nayo husaidia, kwa kuwa kiwango hicho, kilichotolewa Oktoba 2022 kwa kuungwa mkono na Amazon, Apple, Google na Samsung, kinataka vifaa viwasiliane ndani ya mtandao wa nyumba. Hata hivyo alama si mbadala wa jaribio, na inapaswa kuwepo njia ya kawaida ya mkono: swichi ya kubonyeza, ufunguo wa chuma kwenye kitasa.

Baada ya hapo angalia nyumba yenyewe, kwa sababu hapa ndipo pesa nyingi hupotea. Swichi janja ina kompyuta ndogo ndani yake inayohitaji umeme hata taa ikiwa imezimwa, na nyingi huhitaji waya wa nyutro. Katika nyumba nyingi fundi hupeleka nyutro moja kwa moja kwenye taa, na kwenye boksi la swichi hushuka laivu na waya wa kurudi tu. Mwite fundi afungue swichi moja akuonyeshe kabla hujanunua kumi. Kama nyutro haipo, nunua balbu janja au tafuta swichi iliyotengenezwa kwa nyumba zisizo nayo, ukijua kwamba baadhi yake hufanya balbu ndogo za LED zipepese.

Kwenye soketi janja, soma ampea. Soketi ya ampea 10 kwa volti 230 inabeba wati 2,300. Birika la umeme la wati 3,000 linaweza kuipasha moto hadi iyeyuke, hata kama plagi imeingia bila shida. Na kifaa kilicholetwa kutoka Marekani kiwe kimeandikwa 100–240V. Kilichoandikwa 120V peke yake kitaungua.

Fanya hesabu ya uniti pia. Balbu janja "iliyozimwa" kwa simu hula karibu nusu wati ikisubiri amri. Balbu kumi kwa mwezi ni uniti 3.6 za LUKU bila mwanga wowote. Ruta ya wati 10 isiyozimwa ni uniti 7.2. Si fedha za kutisha, lakini anayeuziwa balbu hizi kwa ahadi ya kupunguza umeme anastahili kuijua hesabu hiyo.

Kamera ndiyo yenye hesabu nzito. Ikituma picha kwenye seva saa 24 kwa kasi ya megabiti 1 kwa sekunde, inakula gigabaiti 10.8 kwa siku, zaidi ya 320 kwa mwezi. Hakuna bando la kawaida la familia litakalostahimili. Chagua kamera inayohifadhi picha kwenye kadi yake na kurekodi panapotokea mwendo, kisha uifungue kwa simu pale tu unapotaka kuona.

Kamera hiyohiyo ina hatari nyingine. Mwaka 2016 virusi vya Mirai viliteka kamera na vifaa vingi vya nyumbani duniani kwa kujaribu orodha ya majina na nywila za kiwandani zipatazo 60, ambazo wenye vifaa hawakuwahi kuzibadilisha. Tarehe 21 Oktoba vifaa hivyo vilitumika kuishambulia kampuni ya Dyn, na tovuti kubwa kama Twitter na Netflix zikawa hazifikiki kwa wengi. Tangu tarehe 29 Aprili 2024 Uingereza inakataza kifaa kuuzwa kikiwa na nywila moja ya kiwandani kwa wote, na inamtaka mtengenezaji aseme atatoa masasisho ya usalama kwa muda gani. Muuzaji wa Kariakoo habanwi na sheria hiyo, lakini wewe unaweza kumuuliza maswali yaleyale mawili, na nywila ukaibadilisha siku ya kwanza.

Usianze na nyumba nzima. Nunua kifaa kimoja, uishi nacho mwezi mmoja, umeme ukatike na kurudi, bando liishe na kuongezwa. Kikivuka mwezi huo bila kukukwamisha, nunua cha pili cha mfumo huohuo. Kikishindwa, utakuwa umepoteza bei ya balbu moja.