Kiwanja Kimoja Kando ya Mto Moskva

Katika madarasa ya siasa lipo swali lisilokwisha: tabaka la wavujajasho likishika dola, lifanye nini na majengo ya wale waliolinyonya? Wapo ndugu wanaojibu upesi kwamba yabomolewe, kwa kuwa kila jiwe lake limebebwa na mgongo wa mnyonge. Wapo wengine wanaojibu, upesi vile vile, kwamba yahifadhiwe yote kwa kuwa ni utamaduni. Wote wawili wameshatoa hukumu kabla ya kulitazama jengo lenyewe. Sisi tunapendekeza tutazame kwanza, tena tutazame kiwanja kimoja tu, kilichoko kwenye ukingo wa mto Moskva, mwendo mfupi kutoka kuta za Kremlin. Katika miaka isiyozidi 170 kiwanja hicho kimebeba makao ya watawa, kanisa kuu la Tsar, misingi ya kasri la dola ya wafanyakazi, bwawa la kuogelea, na kisha kanisa lile lile mara ya pili.

Asili yake ni vita. Mwishoni mwa mwaka 1812, majeshi ya Napoleon yalipokwisha kuvurugika na kutoka katika ardhi ya Urusi, Tsar Alexander wa Kwanza alitangaza kwamba litajengwa kanisa la shukrani mjini Moscow. Jiwe la kwanza liliwekwa mwaka 1817, mahali pengine kabisa, kwenye vilima vilivyo juu ya mji, kwa ramani ya msanifu Vitberg. Tume ya ujenzi ilinunua vijiji pamoja na wakulima waliofungwa kwenye ardhi yake, ili wapatikane watu wa kuchimba. Ndivyo ukabaila ulivyomshukuru Mungu: kwa kununua watu. Ardhi ile haikufaa kubeba mzigo, fedha zikapotea, na Tsar mpya, Nicholas wa Kwanza, akasimamisha kazi. Vitberg akapelekwa uhamishoni Vyatka, ambako alikutana na kijana mwingine aliyehamishwa kwa sababu za siasa, Alexander Herzen.

Ndipo Nicholas akamchagua msanifu Konstantin Ton na kiwanja hiki cha kando ya mto. Hakikuwa kitupu. Palikuwa na makao ya zamani ya watawa wa kike, yenye majengo ya karne ya 17. Yakabomolewa kwa amri ya Tsar, watawa wakahamishwa. Tunaomba msomaji alishike jambo hili, maana leo wanaolia kuhusu ubomoaji wa mwaka 1931 hawapendi kukumbuka kwamba mvunjaji wa kwanza katika kiwanja hicho alivaa taji na kubeba msalaba.

Ujenzi ulianza 1839 na kanisa likawekwa wakfu 1883, Ton mwenyewe akiwa amekwisha kufa. Kwa zaidi ya miaka 20 ya mwanzo lilijengwa katika nchi ambayo mkulima alikuwa mali ya bwana wake, kwani amri ya kuwaachia huru ilitoka mwaka 1861. Urefu wake ulikuwa kiasi cha mita 103, na makuba yake yalipakwa dhahabu ya zaidi ya kilo 400.

Je, lilikuwa jengo zuri? Hatuoni sababu ya kuogopa swali hili kwa kuwa tu ni la sanaa. Kwa maoni yetu lilikuwa jengo kubwa lisilokuwa na joto. Nicholas alitaka dola yake ionekane kwamba imeota kutoka katika mizizi ya kale ya Urusi, na Ton akampa alichotaka: sura ya ukale iliyopigwa rula ofisini. Lilinganishe na Kanisa la Mtakatifu Basil kwenye Uwanja Mwekundu, lililojengwa kati ya 1555 na 1561 kwa amri ya Ivan wa Nne baada ya kuiteka Kazan. Ivan hakuwa mpole kuliko Nicholas, hata kidogo. Lakini ndani ya tofali za Mtakatifu Basil mafundi walipata nafasi ya kusema: kila kuba lina sura yake, hakuna lililoiga la jirani, na vikanisa vyake vimekumbatiana kuzunguka mnara mmoja kama watu waliosongamana sokoni. Husimuliwa kwamba Ivan aliwatoboa macho wasanifu wake wasije wakajenga kingine. Hadithi hiyo haina msingi, kwani jina la Postnik, mmoja wa wanaotajwa kuwa mafundi wake, linaonekana tena baadaye katika kazi za Kazan. Ukabaila hauhitaji kusingiziwa, ndugu. Yaliyo kweli yanautosha.

Ya kweli katika kanisa la Ton yalikuwa ukutani. Katika ushoroba wa chini vilipangwa vibao 177 vya marumaru, vikieleza mapigano ya vita vile kwa mfuatano wa tarehe. Viliandikwa majina ya majemadari. Yaliandikwa majina ya maofisa waliouawa, waliojeruhiwa na waliopewa nishani. Askari wa kawaida, yaani mkulima aliyetolewa shambani na kupewa bunduki, hakuwa na jina. Alihesabiwa. Chini ya kila pigano iliwekwa jumla ya askari wa vyeo vya chini waliopotea. Hatuhitaji kitabu kirefu cha nadharia kueleza maana ya tabaka kama tunaweza kusoma ukuta huo.

Sasa tuje kwenye Mapinduzi. Wako wanaodhani kwamba Wabolsheviki waliingia madarakani na nyundo mkononi, wakaanza kuvunja. Sivyo. Novemba 1917, Lunacharsky, aliyekuwa Kamishna wa Elimu, alisikia kwamba mizinga ya mapigano ya Moscow imeliharibu Kanisa la Mtakatifu Basil, akajiuzulu papo hapo. Ilipoonekana habari zilitiwa chumvi, alirudi kazini. Amri ya Aprili 1918 iliagiza kuondolewa kwa sanamu za matsari na watumishi wao, lakini zile tu zisizo na thamani ya historia wala ya sanaa. Oktoba mwaka ule ule ikatoka amri nyingine ya kuandikisha na kulinda kazi za sanaa na mambo ya kale. Lenin alihimiza saa ya mnara wa Kremlin, iliyopigwa na mzinga, itengenezwe. Nchi ilikuwa na njaa na vita vya wenyewe kwa wenyewe, na bado viongozi wake walitenganisha mamlaka ya bwana na kazi ya fundi. Huo ulikuwa msimamo sahihi, na haukuletwa na huruma kwa makabaila. Ulitokana na kuelewa kwamba aliyelijenga jengo na aliyeliagiza ni watu wawili.

Tarehe 5 Desemba 1931 msimamo huo ulizikwa kwa baruti. Mlipuko wa kwanza haukutosha kuliangusha kanisa, ukahitajika mwingine. Ni nani aliyeamua? Waliamua viongozi wachache, na umma ambao jina lake lilitumika haukuulizwa. Miaka miwili baadaye ilipofika zamu ya Mnara wa Sukharev, wasanifu mashuhuri, wakiwamo Zholtovsky na Fomin, waliandika kuutetea. Mnara huo wa mwisho wa karne ya 17 haukuwa kanisa wala kasri. Petro wa Kwanza aliweka humo shule ya hesabu na ubaharia, na baadaye ulibeba tangi la maji ya mji. Jibu la Stalin lilikuwa kwamba anaona uamuzi wa kubomoa ni sahihi, na kwamba watu wa Kisovieti wataweza kuunda kazi tukufu zaidi ya mnara ule. Ukavunjwa mwaka 1934. Tazameni hoja hiyo vizuri. Kwa lugha ni ya kimapinduzi, inausifu umma. Kwa tendo inaunyang'anya umma uliopo mali yake kwa ahadi ya umma utakaokuja. Hilo ndilo kosa ambalo kada anapaswa kulitambua hata likija limevaa nguo nyekundu.

Mahali pa kanisa la Ton pangejengwa Kasri la Masovieti. Shindano lake liliwavuta wasanifu wa nchi nyingi, hata Le Corbusier, na mshindi akawa Boris Iofan. Katika ramani yake ya awali alisimamisha juu ya kasri sanamu ya mfanyakazi aliyekombolewa, yenye mita 18. Mwaka 1933 waliosimamia ujenzi waliamuru aondolewe, na mahali pake isimame sanamu kubwa ya Lenin. Ramani ikakua hadi kasri likafikia mita 415 pamoja na sanamu ya mita 100, refu kuliko jengo lolote la Marekani wakati huo. Hatuna ugomvi na heshima kwa Lenin, ambaye mwenyewe hakupenda kutukuzwa. Ugomvi wetu ni huu: mfanyakazi alikuwa amefika juu ya jengo lake mwenyewe, akateremshwa. Tsar alimwandika kama hesabu, na hapa alifutwa kwenye ramani. Na haya yalitokea Moscow ikiwa imejaa watu waliotoka vijijini kuja viwandani, familia moja kwa chumba kimoja, jiko moja kwa familia tano au sita.

Misingi ilikamilika, vyuma vikaanza kupanda. Mwaka 1941 Wanazi wakavamia, na chuma cha kasri kikachukuliwa kutengeneza vizuizi vya vifaru, kisha madaraja. Tunathubutu kusema kwamba hiyo ndiyo kazi ya maana iliyofanywa na kasri lile.

Lakini jambo moja lilikuwa limekwisha kujengwa hapo, nalo halisemwi vya kutosha. Tarehe 15 Mei 1935 ilifunguliwa reli ya chini ya ardhi ya Moscow, ikiwa na stesheni 13, na moja kati ya hizo iliitwa Kasri la Masovieti, kwa kuwa ndiyo ingekuwa mlango wa kasri. Ilichorwa na Alexey Dushkin na Yakov Likhtenberg. Nguzo zake zinapanuka kuelekea juu, na taa zimefichwa kwenye vichwa vya nguzo hivyo kwamba dari lenyewe linaonekana kutoa mwanga. Haina sanamu kubwa, wala dhahabu. Marumaru iliyokuwa haki ya Tsar sasa iligusana na bega la mtu aliyetoka zamu ya usiku, na kiingilio chake kilikuwa bei ya tiketi. Kasri halikujengwa kamwe. Stesheni ikabadilishwa jina mwaka 1957, na watu wakaendelea kupita. Kwetu sisi hilo ndilo jengo la kijamaa la kiwanja hiki.

Shimo la misingi likageuzwa bwawa la wazi la kuogelea lililofunguliwa 1960, la mviringo, lenye upana wa karibu mita 130, lenye maji ya moto hata wakati wa theluji. Wengi wamelicheka bwawa hilo. Sisi hatulicheki. Ni kweli lilikuwa kukiri kushindwa, lakini mtoto wa fundi cherehani aliogelea mahali ambapo babu yake angesimama nyuma ya maofisa.

Hapa msomaji makini atatuuliza: kama kubomoa lilikuwa kosa, basi kulijenga upya kanisa miaka ya 1990 si ni kusahihisha? Swali hili ni zito, na jibu lake liko Leningrad. Majeshi ya Wanazi yalipofukuzwa Januari 1944 yaliacha majumba ya matsari nje ya mji yakiwa magofu. Dola ya wafanyakazi iliamua kuyarudisha. Vijana walifundishwa upya kuchonga na kupaka dhahabu. Huko Peterhof sanamu ya Samson iliyoibwa ilitengenezwa upya mwaka 1947. Walifanya kazi kwenye kuta zilizobaki, kwa michoro na picha za zamani, na walipomaliza milango ilifunguliwa kwa kila raia. Kwa hiyo sisi si maadui wa kujenga upya.

Kanisa la pili la Moscow lilijengwa kwa njia nyingine. Kazi ilianza 1995 chini ya Meya Luzhkov, likawekwa wakfu Agosti 2000. Waumini walikuwa na haki ya kudai walichonyang'anywa. Hilo tunalikubali bila kumung'unya maneno. Lakini tazameni lilivyojengwa. Mifupa yake ni zege la nondo. Michongo ya mawe ya kanisa la kwanza, ambayo baadhi yake iliokolewa na kuhifadhiwa katika monasteri ya Donskoy, haikurudishwa. Ikawekwa ya shaba. Chini yake kuna ukumbi wa mikutano na maegesho ya magari. Wachangiaji wakubwa walikuwa mabenki na makampuni yaliyotaka kukaa vizuri na ofisi ya meya, katika miaka ile ile ambayo wafanyakazi wa Urusi walikaa miezi bila mishahara. Tena uamuzi ulitoka juu, tena umma uliambiwa kwamba ni zawadi yake.

Ubepari haukuishia kwenye makanisa. Hoteli Moskva ya miaka ya 1930 ilivunjwa 2004 na kusimamishwa nakala yake. Nyumba ya Narkomfin, iliyochorwa na Moisei Ginzburg na Ignaty Milinis mwishoni mwa miaka ya 1920 ili wakazi wale pamoja na mama apumzishwe jiko, ilikarabatiwa kwa ustadi mkubwa hadi 2020, na mjukuu wa Ginzburg ndiye aliyeongoza kazi. Vyumba vyake viliuzwa kwa wenye fedha.

Kwenye kanisa jipya walirudisha pia vibao 177 vya marumaru, vikafuata maandishi ya zamani. Majemadari wana majina yao, maofisa wana majina yao. Chini ya kila pigano ipo jumla.