Filamu ya Singeli: Anza na Miguu

Filamu ya onyesho la singeli, muziki wa kasi wa Dar es Salaam, naipima kwa miguu. Acha kwanza taa na zile picha za kutoka angani juu ya mabati ya Tandale. Tafuta kisigino cha mchezaji kinapogusa vumbi, usikilize kama ngoma imelia papo hapo.

Singeli huvuka mapigo 200 kwa dakika, na nyingine hufika 300. Kamera ikipiga fremu 25 kwa sekunde, wimbo wa mapigo 300 unabakiwa na fremu 5 tu kwa kila pigo. Sauti ikichelewa nusu ya hizo, mguu umeangukia katikati ya mapigo mawili, na mchezaji hodari anaonekana hajui kucheza. Kwangu hilo ni kosa kubwa kuliko picha yenye giza.

Chanzo chake mara nyingi ni umbali. Sauti husafiri kama mita 340 kwa sekunde, kwa hiyo kamera iliyo mita 34 kutoka kwenye spika huipata ikiwa imechelewa sehemu ya kumi ya sekunde, yaani nusu pigo kwa wimbo wa mapigo 300. Nilijifunza hivyo kwenye sherehe moja ya usiku ya kigodoro huko Temeke, nilipopanda juu ya meza nyuma kabisa ya turubai na kutegemea maiki ya kamera. Usiku mzima ukaharibika. Mwongozaji anayejua kazi huvuta sauti kwenye mikisa, kisha huweka kinasa kingine katikati ya watu, kwa sababu bila vigelegele filamu hupooza.

Taa zina sharti dogo: umeme wetu ni wa hezi 50, basi shata ya sekunde 1/50 huzuia picha kupepesa.

Wengi huamini muziki wa kasi unadai mikato ya kasi. Sikubaliani nao hata kidogo. Picha ikikatwa kila pigo, jicho halishiki kitu. Kaa na kidole cha DJ kinavyodonoa kitufe kilekile cha kompyuta, kipande cha sauti kikijirudia mpaka watu wapige kelele. Usikate. Subiri MC avute pumzi. Hapo ndipo mahali pa mkato.

Tangu lebo ya Nyege Nyege Tapes ya Kampala itoe albamu ya Sounds of Sisso, ya studio ya Sisso iliyoko Mburahati, mwaka 2017, singeli ya Mburahati imepanda majukwaa ya Ulaya, ambako kamera humkabili DJ na watu huwa pambo nyuma yake. Uswahilini kiini ni duara la wachezaji, na yule mama anayeingia katikati kutunza, noti mkononi. Filamu isiyo na duara hilo haijafika kwenye shughuli.

Basi ukitaka kumpa mtu kazi ya kupiga filamu hiyo, mwombe akuoneshe dakika moja ya duara isiyo na mkato hata mmoja. Kama hana, usitoe malipo ya awali.