Wolfgang Zeller na Sauti ya Serengeti: Uhakiki wa Dhima ya Mtunzi wa Muziki wa Filamu

Wilaya za Bariadi, Itilima na Meatu, mkoani Simiyu, ni jirani wa Serengeti. Hata hivyo, filamu iliyoitangaza mbuga hiyo Ulaya, Serengeti darf nicht sterben (1959), yaani Serengeti isife, ilitungiwa muziki na Mjerumani Wolfgang Zeller (1893–1967). Makala hii inahakiki safari ya kazi ya mtunzi huyo ili kujibu swali moja: je, mtunzi wa muziki wa filamu ni fundi anayepamba picha tu, au ni mshiriki katika hoja ya filamu? Msimamo wetu ni kwamba ni mshiriki.

Zeller alisomea fidla na utunzi Munich na Berlin, kisha akafanya kazi katika jumba la maonesho la Volksbühne. Mwaka 1926 aliitungia muziki filamu bubu ya Lotte Reiniger, Die Abenteuer des Prinzen Achmed, iliyochota visa vyake katika Alfu Lela Ulela, hadithi ambazo si ngeni kwa msomaji wa Kiswahili. Wahusika wake ni vivuli vya karatasi iliyokatwa kwa mkasi; hawana nyuso za kuonesha huzuni wala furaha. Kwa hiyo, sehemu kubwa ya hisia zao ilibebwa na muziki. Ustadi huo ulimfikisha hadi kwenye Vampyr (1932) ya Carl Theodor Dreyer.

Ustadi huohuo ulitumika mwaka 1940 katika Jud Süß ya Veit Harlan, filamu ya propaganda ya Wanazi iliyochochea chuki dhidi ya Wayahudi. Miaka 7 baadaye, Zeller aliitungia muziki Ehe im Schatten ya Kurt Maetzig, inayosimulia mwigizaji na mkewe Myahudi waliojiua kutokana na mateso ya utawala uleule. Anayemtetea mtunzi kama fundi atasema kwamba seremala halaumiwi kwa yanayozungumzwa kwenye kiti alichokichonga. Utetezi huu haukidhi. Kiti hakimwelekezi anayekikalia amchukie nani. Muziki wa filamu humwelekeza mtazamaji amwogope nani na amlilie nani, kabla hajapata nafasi ya kupima.

Tukirejea Serengeti, Bernhard Grzimek, mkurugenzi wa bustani ya wanyama ya Frankfurt, na mwanawe Michael walihesabu wanyama kwa ndege. Michael alifariki katika ajali ya ndege hiyo Januari 1959, na filamu ikatunukiwa Oscar mwaka 1960. Grzimek alishikilia kwamba hifadhi ya taifa isikaliwe na binadamu, hata wenyeji wenyewe. Na mwaka huohuo wa 1959 Wamaasai walihamishwa kutoka Serengeti kwenda Ngorongoro. Si haki kuilinganisha filamu hii na Jud Süß, kwani ile ilieneza chuki na hii ilitetea viumbe. Lakini swali la kihakiki halibadiliki: muziki unamwombea nani huruma, na nani anaachwa nje ya maombolezo hayo?

Wasukuma wana kipimo kingine cha muziki. Katika mashindano ya ngoma ya Bagalu na Bagika, yanayofanyika baada ya mavuno, vikundi viwili hucheza kwa wakati mmoja, na mshindi ni yule anayevuta watu wengi zaidi. Hadhira huamua kwa miguu yake. Asiyeridhika huhamia upande wa pili. Mtazamaji wa filamu hana upande wa pili wa kuhamia, kwa kuwa husikia kikundi kimoja tu.

Kwa hiyo, uhakiki wa filamu katika Kiswahili hauna budi kuuchambua muziki kama hoja, sawa na usemi wa wahusika. Mhakiki ndiye anayeweza kumrudishia mtazamaji ule upande wa pili, hasa pale ambapo nchi inayooneshwa ina wakazi wanaoishi mpakani mwake na ambao hawakuulizwa isikike kwa sauti gani.